Vipeo vikikugomea: soma dalili kabla hujafuta kazi

Swali ni 2^3 × 2^4. Jibu lako ni 4^7, la mwenzako ni 2^7, na nyuma ya kitabu pameandikwa 128. Wengi hapo hushika raba, wakafuta yote, wakaanza upya na kurudia kosa lile lile. Usifute. Kosa la vipeo huacha alama yake kwenye jibu, na ukiijua alama hiyo unajua ni mstari gani wa kutazama.

Haya yametoka kwenye madaftari ya vijana wa hapa Lamu wanaokuja kusoma barazani baada ya Isha, kuanzia wa gredi ya tisa hadi wa kidato cha nne. Shuleni mada hii wanaisoma kwa Kiingereza. Barazani tunaisoma kwa Kiswahili. Msingi ni namba au herufi iliyo chini, na kipeo ni namba ndogo iliyopanda juu yake. Hapa nitaandika kama vijana wanavyoandikiana kwenye simu: x^3 ni x yenye kipeo cha 3, yaani x × x × x.

Hiyo x × x × x ndiyo inayotibu sehemu kubwa ya yatakayofuata. Kipeo kinahesabu msingi umejizidisha mara ngapi, na kanuni zote zimezaliwa hapo. Anayezihifadhi kama nyiradi bila kujua zinahesabu nini ndiye anayezichanganya mtihani ukianza kumtoa jasho.

## Kwanza, kipimo

Huna hakika na hatua uliyopiga? Tia namba mahali pa herufi, kokotoa pande zote mbili, kisha linganisha. Kila mwalimu husema hivyo. Lisilosemwa sana ni kwamba kuna namba ambazo ni mashahidi wa uongo. Vijana hupenda 0, 1 na 2 kwa wepesi wake, na hizo ndizo zinazoficha makosa. Ukiamini kwamba x^2 × x^3 ni x^6, basi 0 na 1 zote zitakukubalia. Ukiamini kwamba x^2 ni 2x, basi 2 itakukubalia. Hata vipeo vina tabia hiyo: anayezidisha vipeo badala ya kuvijumlisha, akijipima kwa 3^2 × 3^2, atapata 81 kwa njia yake na 81 kwa njia ya haki, kwa sababu 2 + 2 na 2 × 2 zote ni 4.

Basi tumia msingi wa 3 au 5, na vipeo visivyofanana, kama 2 na 3. Zikiwa herufi mbili, kila moja ipe namba yake. Kipimo kikikataa, hatua hiyo ni kosa na hakuna rufaa. Kikikubali, umepata sababu ya kuendelea, lakini hujathibitisha kitu bado. Tutafika huko.

## Dalili: msingi umekua

Umeandika 2^3 × 2^4 = 4^7. Vipeo umevijumlisha sawasawa, ila mkono haukutulia, ukazidisha na misingi pia. Fungua: 2 × 2 × 2, kisha 2 × 2 × 2 × 2. Zihesabu 2 zilizopo: ziko saba. Hakuna 4 hata moja. Tofauti si ndogo: 2^7 ni 128, na 4^7 ni 16,384.

Misingi huzidishwa pale tu vipeo vinapolingana: 2^3 × 5^3 = 10^3. Misingi ikitofautiana na vipeo vikatofautiana, hakuna kanuni ya kuviunganisha moja kwa moja, na hili ni gumu kumwaminisha kijana anayedhani kila kitu lazima kiishie kwenye kipeo kimoja. 2^3 × 5^4 haiwi 10^7. Unachoweza ni kumega: 2^3 × 5^3 × 5, yaani 10^3 × 5, ambayo ni 5,000.

## Dalili: vipeo vimejumlishwa penye alama ya kujumlisha

Kama kuna dalili moja ya kukaa nayo usiku mzima, ni hii. Mwanafunzi anaona 3^2 + 3^3 na anaandika 3^5. Ukweli ni 9 + 27 = 36, na 3^5 ni 243.

Chanzo ni kwamba kanuni inasema "jumlisha", na jicho likiona + linadhani limeitwa. Lakini kanuni inajumlisha vipeo kwa sababu misingi inazidishana. Misingi ikijumlishana, vipeo havina ruhusa ya kuguswa. Fungua tena: (3 × 3) + (3 × 3 × 3). Ile + iliyo katikati imekata mnyororo.

Kinachoruhusiwa ni kutoa kilicho cha wote nje ya mabano. 3 × 3 iko pande zote, kwa hiyo 3^2 × (1 + 3) = 9 × 4 = 36. Mitihani huipenda mbinu hii ikiwa na herufi juu, na hapo ndipo watu wanapozama. Chukua mtajo huu:

(2^(n+3) − 2^(n+1)) / (3 × 2^n)

Kijana wa kwanza anaandika juu 2^2, kwa kutoa vipeo: n + 3 kutoa n + 1. Huyo ana ugonjwa huo huo, umevaa alama ya kutoa tu. Wa pili anakata 2^n ya chini na ile iliyo ndani ya 2^(n+3), anabaki na (2^3 − 2^(n+1)) / 3. Huyo ana ugonjwa mwingine: amekata na kijenzi kimoja akamwacha jirani yake. Kugawanya ni kwa kila aliyeko juu. Mpime kwa n = 3: juu ya mstari pana 64 − 16 = 48, chini 24, kwa hiyo jibu ni 2. Njia yake inampa namba hasi.

Tiba ni kuvunja vipeo kwanza. 2^(n+3) ni 2^n × 8, na 2^(n+1) ni 2^n × 2. Juu panakuwa 2^n × (8 − 2), yaani 6 × 2^n. Sasa 2^n ni ya kila kitu kilicho juu, ikatwe kwa halali. Linabaki 6 / 3 = 2, na n imetoweka kabisa. Kutoweka kwa n huwatisha wengine wakadhani wamekosea. Hapana, mara nyingi ndivyo mtungaji alivyokusudia.

Mtoto wa dalili hii ni 2^n + 2^n = 4^n. Vitu viwili vinavyofanana vikijumlishwa ni 2 × 2^n, yaani 2^(n+1). Na 3^n + 3^n + 3^n ni 3^(n+1). Lakini 3^n + 3^n ni 2 × 3^n, basi, iache hapo hapo; haina pa kwenda.

## Dalili: alama ya hasi inatokea au inapotea

"Ticha, kalkuleta imesema hasi tisa!" Kijana ametia −3^2, na kalkuleta iko sawa. Bila mabano, kipeo kinashika 3 peke yake, kisha hasi inakuja juu ya jibu: −9. Ukitaka hasi nayo iingie kwenye kuzidisha, izungushie mabano: (−3)^2 = 9. Ukiambiwa x = −3 na kutakiwa kutafuta x^2, mabano yanakuja na namba. Usiingize hasi bila mabano.

Hapa pana mtego wa kompyuta. Ukiandika =-3^2 kwenye Excel itakupa 9, kwa sababu programu hiyo inaipa hasi kipaumbele mbele ya kipeo. Kalkuleta ya sayansi kwa kawaida itakupa −9. Vyombo viwili, majibu mawili, na katika daftari la hisabati linalokubalika ni −9. Tia mabano kila mara, na hakuna chombo kitakachokuchezea.

## Dalili: kipeo kimemgusa mmoja kikamruka mwenzake

Birika la maji lenye umbo la mchemraba lina upande wa mita 1. Linajaa kwa lita 1,000. Fundi akiambiwa afanye kila upande uwe mara mbili, ujazo unakuwa (2x)^3 = 8x^3, yaani lita 8,000. Anayeandika (2x)^3 = 2x^3 ametia maji ya mabirika mawili akitarajia lijae. Kipeo kilicho nje ya mabano ni cha kila kinachozidishwa ndani, pamoja na namba iliyo mbele.

Mtajo mrefu kidogo: (3x^2y)^3. Jibu ni 27x^6y^3. Majibu ya kosa yanajieleza yenyewe. Ukiona 9 mbele, umezidisha 3 kwa 3 badala ya kuipandisha hadi 3^3. Ukiona x^5, umejumlisha 2 na 3 ilhali kipeo juu ya kipeo huzidishwa: x^2 × x^2 × x^2 ina x sita. Ukiona 3 mbele, namba imesahaulika kabisa. Tazama jibu lako kama daktari anavyotazama ulimi, utajua.

Upande wa pili wa kosa hili ni kukipeleka kipeo kisikopaswa kwenda. (a + b)^2 si a^2 + b^2. Kwa 3 na 5: 8^2 ni 64, na 9 + 25 ni 34. Upungufu ni 30, ambao ndio 2ab. Kipeo hugawika juu ya kuzidisha na juu ya kugawanya, kamwe si juu ya kujumlisha wala kutoa. Kosa hili huibuka hata kwa waliokwisha kulikataa, likivaa nguo nyingine: (x^(−1) + y^(−1))^(−1) inaandikwa x + y. Jaribu 3 na 5. Ndani pana 1/3 + 1/5 = 8/15, ukipindua ni 15/8, si 8. Njia ni kuunganisha sehemu kwanza, (x + y)/(xy), ndipo upindue: xy/(x + y).

## Dalili: kipeo hasi kimezaa jibu hasi, au sufuri imezaa sufuri

2^(−3) si −8, wala si −6. Shuka ngazi kutoka juu: 2^3 ni 8, 2^2 ni 4, 2^1 ni 2. Kila unaposhuka hatua moja unagawanya kwa 2. Endelea kushuka: 2^0 ni 1, 2^(−1) ni 1/2, 2^(−2) ni 1/4, 2^(−3) ni 1/8. Hakuna mahali namba imevuka kwenda upande wa hasi. Inazidi kuwa ndogo tu. Na 1 imetokea yenyewe mahali pa sufuri, haikuwekwa na mtu kwa amri.

Ngazi hii ni ya kale. Katika karne ya 12, mwanahisabati al-Samaw'al wa Baghdad alipanga jedwali la aina hiyo, vipeo upande mmoja wa 1 na sehemu zake upande wa pili, akaeleza kuzidisha kwa kuhesabu hatua za kwenda huku na huku. Alifanya hivyo bila alama tunazotumia sasa. Uandishi wa namba ndogo iliyopandishwa ulienea baada ya Mfaransa Descartes kuutumia mwaka 1637. Mwanafunzi anayechanganyikiwa na kipeo hasi namwambia achore jedwali hilo pembeni ya karatasi. Halichukui hata dakika.

Angalia kipeo hasi kimeshika nani. Katika 5x^(−2) kimeshika x peke yake, kwa hiyo ni 5/x^2. Ile 5 haishuki. Vivyo hivyo 7x^0 ni 7, ambapo (7x)^0 ni 1. Msingi usiwe 0, maana katika ngazi ile hushuki kwa kugawanya kwa sufuri.

Na x^3 / x^(−2)? Ukipata x, umetoa 2 badala ya kutoa −2. Ni 3 − (−2) = 5, jibu x^5. Kwa 3: 27 ukigawanya kwa 1/9 ni 243, ambayo ndiyo 3^5.

## Dalili: swali lenyewe limefika likiwa bovu

Hii si ya hisabati lakini inapoteza saa nyingi. Mwenzako amekutumia swali kwa simu: 2^n+1. Je, ni 2^n kisha ujumlishe 1, au ni 2^(n+1)? Kwa n = 3 la kwanza ni 9, la pili 16. Au amekuandikia x^1/2, naye anakusudia kipeuo cha pili cha x, yaani namba ambayo ikizidishwa kwa yenyewe inatoa x, ilhali ilivyoandikwa ni nusu ya x. Ukikesha na swali lisilofika kwenye jibu la kitabu, omba picha ya ukurasa kabla hujajilaumu. Nawe ukimwandikia mtu, funga kipeo chote ndani ya mabano.

Kipeo juu ya kipeo pia kina utata wake. 2^(3^2) ni 2^9 = 512, na (2^3)^2 ni 64. Kisipokuwa na mabano, kwa desturi ya hisabati unaanzia juu, kwa hiyo ni 512. Excel inaanzia kushoto na kukupa 64.

## Dalili: kipeo ni sehemu na jibu limekuwa la ajabu

8^(2/3) imekuwa 16/3. Umezidisha 8 kwa 2/3. Namba ya chini ya sehemu ni kipeuo, ya juu ni kipeo: kipeuo cha tatu cha 8 ni 2, na 2^2 ni 4. Anza na kipeuo, namba zibaki ndogo. Maswali mengi ya mtihani yana sharti la kutotumia jedwali wala kalkuleta, na anayeanza kwa kupandisha hujikuta anatafuta kipeuo cha tatu cha namba kubwa bila sababu.

(27/8)^(−2/3) inatisha kwa macho tu. Hasi inapindua: (8/27)^(2/3). Chini ya sehemu ya kipeo pana 3: kipeuo cha tatu ni 2/3. Juu pana 2: 4/9. Hatua tatu, moja moja, usizirundike.

Ila kuna mahali kanuni zenyewe zinavunjika, na vitabu vingi vinalipita jambo hili kwa mstari mmoja. Kipeuo cha tatu cha −8 ni −2. Sasa 1/3 ni sawa na 2/6, basi jaribu (−8)^(2/6) kwa kupandisha kwanza: (−8)^2 ni 64, na kipeuo cha sita cha 64 ni 2. Tumeanza na −2 tukaishia na 2. Hakuna aliyekosea kukokotoa. Kanuni za vipeo vya sehemu zimehakikishwa kwa msingi chanya, na ukizipeleka kwa msingi hasi hazikudai chochote. Kwa sababu hiyo hiyo kipeuo cha pili cha x^2 si x kila wakati; x ikiwa −3, kipeuo cha 9 ni 3. Ukiona swali linasema "x ni chanya", hilo si pambo.

## Dalili: mlinganyo umekwama

9^x × 3^(x−2) = 81. Anayeandika 27^(2x−2) amerudi kwenye dalili ya kwanza. Geuza kila kitu kiwe msingi wa 3: 3^(2x) × 3^(x−2) = 3^4. Hapo 3x − 2 = 4, na x = 2. Misingi ikishalingana tunalinganisha vipeo, lakini ruhusa hiyo ina masharti. 1^5 = 1^9, na 5 si 9. Msingi ukiwa chanya na usiwe 1, endelea. Sharti hili litadaiwa hapa chini.

## Dalili: umeambiwa "thibitisha" na maksi hazikuja

Hapa kazi ni tofauti na kurahisisha, na magonjwa yake pia.

La kwanza ni kuanza na kinachotakiwa. Swali: x ni chanya, thibitisha kwamba

1/(1 + x^(a−b)) + 1/(1 + x^(b−a)) = 1

Kijana anaandika mlinganyo wote, anazidisha pande zote mbili kwa kila kilicho chini, anafuta huku na huku, anafikia 0 = 0, anachora mstari wa ushindi. Kwa nini mtahini hatoi maksi zote? Kwa sababu kutoka kwenye uongo unaweza kufika kwenye ukweli. Andika −3 = 3, pandisha pande zote kwa kipeo cha 2, utapata 9 = 9. Ukweli wa mwisho haukuusafisha uongo wa mwanzo.

Shika upande mmoja tu, wa kushoto, uutembeze hadi ufanane na wa kulia. Sehemu ya kwanza izidishe juu na chini kwa x^b: inakuwa x^b/(x^b + x^a), kwa kuwa x^b × x^(a−b) ni x^a. Ya pili izidishe juu na chini kwa x^a: inakuwa x^a/(x^a + x^b). Chini pamefanana. Jumlisha juu: (x^b + x^a)/(x^a + x^b) = 1. Imekwisha, na x kuwa chanya kumetuhakikishia kwamba chini hapawi sufuri.

Ugonjwa wa pili ni kuacha sharti. Swali linalopendwa: ikiwa 2^a = 3^b = 6^c, na hakuna kati ya a, b, c iliyo sufuri, thibitisha kwamba 1/a + 1/b = 1/c. Vitu vitatu vinalingana, basi vipe jina moja, k. Kutoka 2^a = k tunapata 2 = k^(1/a). Vivyo hivyo 3 = k^(1/b) na 6 = k^(1/c). Lakini 6 ni 2 × 3, kwa hiyo k^(1/c) = k^(1/a) × k^(1/b) = k^(1/a + 1/b). Hapa wote hukimbilia kulinganisha vipeo. Subiri: je, k si 1? Si 1, kwa sababu a si sufuri, na 2 haiwi 1 isipokuwa kwa kipeo cha sufuri. Na k ni chanya, kwa kuwa 2 kwa kipeo chochote ni chanya. Sasa linganisha: 1/c = 1/a + 1/b. Mstari huo mmoja kuhusu k ndio unaotenganisha uthibitisho na bahati.

Ugonjwa wa tatu ni kutia namba ukadhani umethibitisha. "Nimejaribu tano zote zimekubali." Mwanahisabati Fermat, katika karne ya 17, alitazama namba za umbo la 2^(2^n) + 1. Kwa n = 0, 1, 2, 3, 4 zinatoka 3, 5, 17, 257 na 65,537, na zote tano ni namba tasa. Aliamini zinazofuata ni tasa pia. Mwaka 1732 mwanahisabati mwingine, Euler, alionyesha kwamba inayofuata, 2^32 + 1, yaani 4,294,967,297, inagawanyika kwa 641. Majaribio matano yalikubali na la sita likakataa, na aliyeaminishwa hakuwa mtoto wa shule.

Kama una karatasi, unaweza kulithibitisha hilo la 641 kwa kanuni za vipeo pekee, bila kugawanya namba ile kubwa. Anza na mambo mawili: 641 = 5^4 + 2^4, maana 625 + 16; tena 641 = 5 × 2^7 + 1, maana 640 + 1.

Zidisha la kwanza kwa 2^28:

2^28 × 641 = 5^4 × 2^28 + 2^32

Ule mtajo 5^4 × 2^28 ni (5 × 2^7)^4, kipeo kimegusa kila kilichomo ndani ya mabano, kama kwenye birika. Yaani ni 640^4. Kwa hiyo

2^32 + 1 = 2^28 × 641 − (640^4 − 1)

Sehemu ya kwanza ya kulia inagawanyika kwa 641 waziwazi. Ya pili nayo: 640^4 − 1 = (640^2 + 1)(640 − 1)(640 + 1), na hiyo 640 + 1 ndiyo 641. Ukitoa kigawe cha 641 kwenye kigawe cha 641 unapata kigawe cha 641. Mwenye kutaka kuhakikisha kwa kalkuleta azidishe 641 kwa 6,700,417.